Jina moja, ndege mbili

Wasomaji wangu, wako marubani wanaotafuta mwongozo wa ndege ndogo ya injini mbili kwenye intaneti kwa jina la ndege tu. Tabia hiyo naipinga. Sisi tunaoandika programu tukisoma maelezo ya toleo jingine tunapoteza siku. Rubani anaweza kupoteza roho.

Chukua Piper Seneca. Ile ya 1972 ilikuwa na injini za Lycoming zisizo na turbo: wakati wa kupaa unasukuma wenzo wa nguvu mpaka mwisho. Seneca II ya 1975 ilikuja na Continental zenye turbo. Ukisukuma vivyo hivyo bila kutazama geji, unaweza kupita kiwango na kuharibu injini.

Tena kuna vipimo. Miongozo mingi ya zamani huandika kasi kwa maili za nchi kavu, ya baadaye kwa maili za baharini. 89 za nchi kavu ni kama 77 tu za baharini. Injini moja ikizima na kasi ikashuka mno, usukani wa mkia hushindwa kuinyoosha ndege, nayo hujipindua.

Kwa hiyo linganisha modeli na nambari ya utengenezaji kwenye kibati cha ndege na zile za mwongozo. Zisipolingana, hicho si kitabu chako. Mwaonaje?