Ugomvi Umekwisha, Mbona Ungali Unajibu?

Umewahi kugombana na mwenzio asubuhi, ukapanda matatu, na hadi kufika mjini ungali unamjibu kimoyomoyo? Humo kichwani wewe hushinda kila mara, naye hutulia kama maji mtungini.

Jihadhari. Kumbukumbu si kanda ya kurekodia. Mwaka 1974 watafiti Elizabeth Loftus na John Palmer waliwaonyesha wanafunzi filamu za magari yakigongana. Walioulizwa mwendo magari "yalipopondana" walikadiria karibu maili 41 kwa saa. Walioulizwa "yalipogusana", karibu maili 32. Neno moja tu! Sembuse mtu mwenye hasira?

Juzi nilijipima. Nilichukua karatasi nikaandika maneno yangu peke yake, si ya mke wangu. Aliniuliza pesa za karo ziko wapi. Nikafoka, "Kwani wewe ni polisi?" Hapo kalamu ilisita. Pesa hizo nilikuwa nimemkopesha rafiki bila kumwambia mama watoto. Kumbe si yeye aliyenikasirisha, ni aibu yangu.

Nawe jaribu leo kabla ya kulala. Nyani haoni kundule, lakini karatasi humwonyesha.