Uwanja wa Watoto si Ardhi Tupu

Upepo wa kusi uvumapo kisiwani Unguja, sisi tuliokuwa watoto katika miaka ya 1980 hukumbuka tiara. Alasiri tukitoka chuoni, juzuu zingali kwapani, tulichonga njiti za makuti, tukabandika karatasi kwa gundi ya unga, tukamwomba mama uzi wa cherehani. Mkia ulikuwa kipande cha kanga kuukuu. Tiara yenye mkia mfupi ilipiga mizunguko ikanasa mwembeni, na siku hiyo ikaishia hapo.

Kaskazi nayo ilikuwa na michezo yake. Tulishindanisha vingalawa vya kuchonga maji yanapojaa. Wasichana walicheza nage. Mpira ulikuwa wa matambara. Hapakuwa na kiingilio wala ada. Kilichohitajika ni uwanja tu.

Aghalabu twasikia barazani watoto wa leo wakilaumiwa kwa kukodolea macho simu. Lawama hiyo haikuelekezwa panapostahiki. Mwaka 1978 Zanzibar ilihesabiwa watu 476,000 hivi. Sensa ya 2022 ilihesabu 1,889,773, na visiwa havikuongezeka hata shubiri. Ardhi ya wazi ikadhaniwa ni ardhi tupu. Ikapimwa, ikagawiwa, ikazungushwa ukuta. Nasi hatuwezi kujitoa, kwani baadhi yetu tulikuwamo katika vikao vilivyoridhia. Pale tuliporushia tiara sisi wenyewe, leo mtoto hana pa kukimbia isipokuwa barabarani, baina ya daladala na vespa.

Ni kweli, Mnazi Mmoja ungalipo, na Forodhani ilitengenezwa upya mwaka 2009. Lakini mtoto wa miaka 7 wa Fuoni hawezi kufika huko kwa miguu na kurejea kabla ya magharibi.

Kwa hiyo twawaomba wahusika wa upimaji wa ardhi: kabla ya kukata kiwanja cha kwanza cha nyumba, likatwe eneo la watoto, liandikwe katika ramani, na sheha apewe nakala. Wala lisiwe la kandanda peke yake, kwani vijana wakubwa watalitwaa, na nage itarudi vichochoroni. Ama sehemu zilizokwisha kumegwa, ziko ambazo hadi leo zina msingi tu usio na nyumba. Masheha wanazijua moja moja. Na waitwe, waulizwe.