Gemu lako liko ghala gani?

Wa Masoko, wa Kivinje, wa Nangurukuru, na nyie wa Lindi mjini mnaojiona wajanja kuliko wenzenu, wote nawapa hai. Wiki hii tuache kidogo mapenzi na mitindo ya nywele. Kuna ugonjwa umeingia mitaani na unawatesa vijana, wa kike kwa wa kiume. Dalili zake ni hizi: mtu kapata gemu jipya la mpira, kachomeka flashi, mate yanamtoka, halafu mashine inamwambia nafasi hakuna!

Kinachofuata hapo ni vituko. Mshikaji anavamia uso wa kompyuta, anafuta vile vipicha vya magemu kimoja baada ya kingine. GTA nje, FIFA nje, Need for Speed nje. Akimaliza anajifuta jasho kama mtu aliyeshusha magunia bandarini. Anajaribu tena. Nafasi hakuna! Hapo ndo anaanza kuwaambia watu laptopu ina mapepo.

Laptopu haina mapepo, mwanangu. Sisi watu wa Lindi stakabadhi ghalani tunaijua vizuri. Mkulima anapeleka korosho zake ghalani, anapewa karatasi. Karatasi siyo korosho. Ukiichana, korosho haziondoki ghalani, ila wewe ndiye unayebaki unahangaika kuzidai. Basi kile kipicha unachobonyeza kufungua gemu ni karatasi tu. Gemu lenyewe liko ghalani, kwenye folda moja nene ndani ya diski, linakula GB zake kimya kimya na wala halina habari na wewe.

Utasema, aah, gemu tu hilo, kuna nini cha kulivalia njuga? Sikiliza hesabu. GTA San Andreas ya kompyuta, ile ya zamani, haifiki GB 5. GTA V ilipotoka kwenye kompyuta mwaka 2015, wenyewe waliotengeneza walisema uwe na GB 65, na leo imeshavuka 100. Sasa ile laptopu ya mtumba uliyonunua msimu wa korosho ulipochanganya, nyingi zina diski ya GB 128 au 256. Windows inachukua chumba chake, kazi za watu zinachukua chao. Unataka kulaza tembo kwenye kibanda cha kuku!

Na kulivuta upya siyo mchezo. Intaneti ikikuletea megabaiti moja kila sekunde, bila kukatika hata mara moja, GB 65 zinataka kama saa 18. Bando la nani hilo? Njia ya pili ni mtu akubebee diski kwenye basi kutoka Dar, zaidi ya kilomita 300 mpaka Masoko na zaidi ya 400 mpaka Lindi mjini. Nayo ina siku zake. Tarehe 4 Mei 2024 kimbunga Hidaya kilitua pwani yetu, barabara ikakatika sehemu kadhaa ikiwemo Somanga, magari yakalala njiani. Watu hawajapumua, tarehe 12 Mei nyaya mbili za intaneti zinazopita chini ya bahari, EASSy na Seacom, zikapata hitilafu, mtandao nchini ukawa wa kobe. Aliyefuta gemu kwa pupa siku zile alikaa akicheza drafti. Kwa hiyo huku kwetu kujua gemu linakaa wapi siyo ujuaji wa mafundi, ni kulinda mshiko wako.

Haya, twende ghalani. Kwa gemu la kawaida, weka mausi juu ya kile kipicha, bonyeza kulia, chagua "Open file location". Mlango unafunguka, folda hiyo hapo. Kama gemu ulilipata kupitia Steam, ingia kwenye orodha ya magemu yako humo ndani, bonyeza kulia kwenye jina la gemu, nenda "Manage", kisha "Browse local files". Usipobadilisha kitu, Steam huweka magemu yake diski C, ndani ya Program Files (x86), kwenye folda ya Steam, halafu steamapps, halafu common. Epic nayo hupenda kulala Program Files, folda ya Epic Games. Yale ya Xbox mara nyingi yako C kwenye folda inayoitwa XboxGames. Ukiyajua hayo matatu, umeshajua magemu mengi ya halali yanalala wapi.

Kasheshe iko kwa haya ya kunakili kwenye flashi. Haya hulala pale ulipoyamwaga. Na wengi wetu tunayamwaga Desktop au Downloads, tukidhani pale ni nje, barazani. Nani kakwambia? Desktop na Downloads kwa kawaida ziko ndani ya C hiyo hiyo! Gemu la GB 30 ulilolilaza Desktop linabanana na Windows kitanda kimoja. Halafu unashangaa mashine inakohoa.

Kingine kinachokula nafasi ni setapu. Fundi akimaliza kujenga nyumba anabomoa jukwaa, miti anaondoka nayo. Wewe umeshasimika gemu, linacheza poa, lakini lile faili la setapu bado liko Downloads na ukubwa wake wote. Yaani unalipia gemu moja vyumba viwili. Usilifute, maana umeshaona kulipata tena ni shughuli. Lihamishie kwenye diski ya nje, liandike jina, lifungie kabatini. Siku mashine ikiharibika utanikumbuka.

Ukitaka kujua nani mlafi kuliko wote, fungua "Settings", ingia "Apps", kisha "Installed apps", panga kwa ukubwa. Hapo ndipo utakapokutana na gemu ulilocheza siku mbili ukalichoka, bado limekalia GB 40. Mtoe, lakini mtoe kwa heshima: bonyeza "Uninstall". Ukikata folda kwa mkono utaacha mabaki huku na kule, na siku ukitaka kulirudisha linaweza kukugomea. Ila gemu la kunakili tu, ambalo halikusimikwa wala halimo kwenye orodha ile, hilo futa folda yake. Na ukifuta, nenda kamwage jalala, ile Recycle Bin. Takataka zikiwa bado ndani ya uzio nyumba haijafagiliwa.

Sasa tuje kwenye kuhama. C imejaa, D ina uwazi, unataka kuhamisha. Usikate na kubandika tu kama karatasi ya mtihani! Gemu lililosimikwa limeshatoa anwani yake kwa Windows. Ukilihamisha kienyeji, barua zitaendelea kwenda nyumba ya zamani. Steam ina njia yake: fungua mipangilio, ingia "Storage", ongeza diski D, chagua gemu, bonyeza "Move". Windows nayo huruhusu baadhi ya magemu ya kwenye duka lake kuhamishwa kwa "Move" kwenye ile orodha niliyoitaja. Yaliyobaki, litoe kwa heshima, kisha lisimike upya ukiliambia mapema likae D. Wakati wa kusimika mashine huuliza mahali, ila sisi vidole vyetu vina haraka, ni "Next, Next, Next" mpaka mwisho.

Angalizo hapo. D siyo lazima iwe diski nyingine. Kwenye laptopu nyingi C na D ni vyumba viwili vya nyumba moja. Kuhamia D kunaipa C pumzi, lakini moto ukiwaka vyumba vyote vinaungua. Usijidanganye kwamba umetunza akiba.

Na akiba yenyewe ndiyo roho ya mada ya leo. Wazee wanaocheza bao pale chini ya mwembe wanajua kwamba ubao ni kitu kimoja, na namna kete 64 zilivyokaa kwenye mashimo 32 ni kitu kingine. Ubao unaweza kuazima kokote. Lakini akipita mtoto akapiga teke kete zikamwagika, mchezo ule haurudi tena hata mkileta ubao wa mpingo. Gemu ni ubao. Pale ulipofikia, timu uliyoijenga misimu sita, misheni ulizomaliza usiku watu wamelala, hizo ndizo kete zako.

Na kete mara nyingi hazikai kwenye folda ya gemu! San Andreas huziweka kwenye Documents, folda ya GTA San Andreas User Files. FIFA nyingi nazo huweka humo humo Documents, folda yenye jina la gemu. Mengine hutumia "Saved Games", mengine huzificha AppData, folda ambayo haionekani mpaka uruhusu vitu vilivyofichwa vionekane. Ndiyo maana mtu ananakili folda nzima ya gemu kwa rafiki yake, akifika nyumbani anakuta anaanza moja. Na kama laptopu ni ya familia na kila mtu anaingia kwa jina lake, kete za kaka hazionekani kwa dada, kwani kila jina lina Documents yake. Kabla ya kufuta, kuhama au kumpa fundi apige Windows upya, nakili kwanza folda ya kete kwenye flashi. Mara nyingi ni mzigo mdogo tu, hauchukui hata dakika.

Wa simu msinune, nanyi mmo. Kwenye Android, kufuta kashe na kufuta data ni vitu viwili tofauti kama chumvi na sukari. Kashe ni makombo, gemu litayatengeneza tena. Data ni pamoja na maendeleo yako, ukigusa hapo umejimaliza. Mnaocheza eFootball, unganisheni timu na akaunti kabla simu haijaibiwa au haijazama baharini. Mnaocheza PPSSPP, kete zenu ziko kwenye folda ya PSP, ndani yake SAVEDATA. Programu ile ikikuuliza iweke wapi folda yake, chagua folda yako mwenyewe kwenye simu au memori kadi. Ukiiacha ijifiche ndani ya programu, siku ukiitoa, kila kitu kinakwenda na maji.

Jambo moja la adabu. Laptopu nyingi tunazochezea siyo zetu. Ni ya kaka anayesoma chuo, ya dada mwenye duka la steshenari, ya baba anayeandikia ripoti. Ukiijaza C mpaka kooni, Windows inashindwa hata kujisasisha, na mwenye mali anashindwa kuhifadhi kazi yake. Acha angalau GB 20 wazi. Ukifanya hivyo utaombewa heri, na utaazimwa tena. Ukijaza, neno la siri litabadilishwa usiku, asubuhi utaikuta mashine imenuna na mwenyewe kanuna.

Dawa yangu ni ya bei ya daftari la shule. Chora mistari minne: jina la gemu, liko diski gani na folda gani, lina GB ngapi, kete zake ziko wapi. Jaza leo hii, kabla hujaombwa nafasi na gemu jipya. Wahenga walishasema mali bila daftari hupotea bila habari, na wala hawakuwa na laptopu.

Haya, wino umeisha. Kafungueni maghala yenu mhesabu magunia. Wiki ijayo tunarudi kwenye mapenzi, kuna dada wa Mchinga anataka kujua kama mwanaume anayekopa vocha ana nia njema. Mpaka hapo, kaeni mkao wa kula!