Cheti cha Maadili Mema si Hisani ya Afisa

Kijana wa Pwani akitaka kandarasi ya kaunti, iwe ni ya kuchimba mtaro au kupaka rangi darasa, safari yake huanza kwa karatasi. Kuna usajili wa kampuni, kuna cheti cha kulipa ushuru kutoka KRA, na kuna cheti cha AGPO akiomba zile zabuni za asilimia 30 zilizotengewa vijana, akina mama na watu wenye ulemavu. Mara nyingine huombwa pia cheti cha maadili mema kutoka DCI, au barua ya chifu ya kumtambulisha. Hapo ndipo wengi hukwama.

Tuseme kijana huyo alichukuliwa katika msako miaka mitano iliyopita, akalala seli usiku mmoja, akaachiliwa bila kushtakiwa. Leo afisa anamwambia, "Jina lako lina maneno, rudi wiki ijayo." Wiki inakuwa mwezi, zabuni inafungwa. Hakuna aliyemkatalia kwa maandishi, lakini amenyimwa.

Je, afisa ana uwezo huo? Uwezo wa kuchunguza anao. Uwezo wa kuhukumu hana. Kifungu cha 50 cha Katiba kinasema mshtakiwa huhesabiwa hana hatia mpaka ithibitishwe vinginevyo. Ikiwa aliye kizimbani ana haki hiyo, sembuse ambaye hata hakushtakiwa?

Kifungu cha 47 nacho kinampa kila mtu haki ya kuhudumiwa na maafisa wa serikali kwa haraka, kwa mujibu wa sheria na kwa uadilifu, na kupewa sababu kwa maandishi haki yake inapoguswa. Sheria ya mwaka 2015 ya kutekeleza kifungu hicho imekwenda mbali zaidi: afisa akiombwa sababu asizitoe, uamuzi wake huchukuliwa kuwa haukuwa na sababu ya maana, mpaka athibitishe kinyume.

Tazama pia sheria ya ununuzi wa umma. Anayeweza kumfungia mkandarasi asiombe zabuni za serikali ni bodi ya PPRA, kwa makosa yaliyotajwa katika sheria, na baada ya kumsikiliza. Bodi nzima imewekewa mipaka. Afisa mmoja wa dawati atamfungiaje mtu kwa tetesi?

Sisemi milango iachwe wazi. Mali ya umma inahitaji ulinzi, na wako wakandarasi waliokula pesa wakatuachia mashimo. Mwenye hukumu ya wizi au ufisadi, iandikwe. Mwenye kesi kortini, iandikwe kuwa ni kesi, si hatia. Lakini minong'ono ya mtaa, kabila, msikiti anaoswali mtu au mwanasiasa anayemuunga mkono si rekodi.

Ndugu zangu, tatizo letu ni kwamba tunakubali majibu ya mdomo. Ukizungushwa, andika barua, omba sababu, hakikisha nakala yako imepigwa muhuri. Kisha peleka malalamiko kwa Tume ya Haki ya Utawala, na ikishindikana, mahakamani. Nao wanasheria wetu wa Pwani wawasaidie vijana kuandika barua hizo, maana zabuni haimngoji mtu.

Cheti hiki kinalipiwa na mwananchi na kinatolewa kwa sheria. Afisa anayekitia sahihi hamfanyii mtu hisani.