Tairi Lichaguliwe kwa Mzigo na Barabara



Katika mikutano yetu ya Rumonge, Minago na Kizuka limezuka swali ambalo baadhi ya wenzetu waliona halifai kuandikwa katika gazeti la chama. Walisema chama ni cha mishahara na likizo, si cha magari. Sisi hatukubaliani nao. Vikundi vyetu vya akiba vimeanza kununua magari madogo, hasa Corolla za miaka ya 1990, yafanye kazi ya taksi kwenye barabara ya ziwa na faida irudi kwa wanachama. Fedha hiyo ni jasho la watu wanaokata mikungu ya michikichi na kukamua mawese, na watu hao hao ndio wanaopanda gari hilo kwenda Bujumbura na kurudi. Kitu kinachobeba fedha yetu na roho zetu kwa pamoja ni jambo la chama. Kitu hicho ni tairi, ambalo wengi wetu hapa tunaliita pine.

Ugomvi tunaoukuta ni ule ule kila mahali. Siku ya kubadili matairi ikifika, mweka hazina anataka yaliyo rahisi kuliko yote sokoni. Dereva, hasa akiwa kijana, anataka rimu kubwa zinazong'aa. Mwingine anashauri tairi nene ili gari liinuke juu ya mashimo. Wale wanaokaa kiti cha nyuma, magoti kidevuni na bidoni za mawese nyuma ya migongo yao, hawaulizwi neno. Maoni yetu ni kwamba wote watatu hao wanaanzia mahali pasipo penyewe. Tairi huchaguliwa kwanza kwa kusoma kibandiko cha gari, pili kwa kuhesabu mzigo, tatu kwa kuitazama barabara. Bei na sura vije baada ya hapo.

Kibandiko hicho kipo. Fungua mlango wa dereva, tazama kwenye nguzo. Magari mengi yametoka Japani na maandishi yake ni ya Kijapani, lakini namba ni zile zile tulizofundishwa shule ya msingi. Utaona kipimo cha tairi na upepo unaotakiwa. Kwenye Corolla nyingi za miaka hiyo utakuta 175/65 R14. Tuisome pamoja, kwa maana asiyesoma namba hizi atauziwa chochote. 175 ni upana wa tairi kwa milimita. 65 ni urefu wa ubavu wake, yaani asilimia 65 ya ule upana, karibu milimita 114. R ni jinsi nyuzi za ndani zilivyopangwa, mtindo ambao kampuni ya Michelin ya Ufaransa iliuandikisha mwaka 1946 na sasa umeenea duniani kote. 14 ni ukubwa wa rimu kwa inchi. Ukijumlisha ubavu wa juu, rimu na ubavu wa chini, tairi lote lina urefu wa milimita 583. Namba hiyo ya mwisho ndiyo wauzaji wengi hawaitaji, na ndiyo gari linayoijua. Mshale wa mwendo, gia na breki vyote vilipimwa kwa urefu huo.

Sasa tuchukue yule anayetaka kuinua gari. Analetewa 185/70 R14, na linaingia kwenye rimu ile ile bila taabu, basi anafurahi. Lakini tairi hilo lina urefu wa milimita 615. Gari linainuka nusu tu ya nyongeza hiyo, milimita 16, hata unene wa vidole viwili haufiki. Kwa faida hiyo ndogo analipa mengi. Mshale ukionyesha kilomita 60 kwa saa, gari limeshapita 63. Injini inavuta kwa shida zaidi kwenye mlima wa kwenda Bururi, ambako kutoka ziwani unapanda zaidi ya mita elfu moja. Breki nazo zinapata kazi ngumu zaidi wakati wa kuteremka. Na gari likijaa watu na kukaa chini, tairi linaanza kulamba bodi kwenye kona. Wataalamu wengi wanashauri urefu wa tairi usipite asilimia 3 ya ule wa kiwandani. Hili limepita 5.

Yule wa rimu kubwa naye ana hoja yake. Anasema, rimu za inchi 16 tairi lake ni fupi ubavuni, kwa hiyo urefu wote unabaki ule ule. Ni kweli. Tairi la 195/45 R16 lina urefu wa milimita 582, karibu sawa na lile la kiwandani. Lakini ubavu wake umepungua kutoka milimita 114 hadi 88. Ubavu ndio unaopokea shimo kabla rimu haijalipokea. Kwenye lami nzuri ya Ulaya huenda usione tofauti. Kwenye barabara yetu, mahali ambapo mvua imeteremsha mawe kutoka milimani, rimu ya namna hiyo inapinda au inapasuka, na upepo unatoka mara moja. Hatujasahau Gitaza, Machi 2015, mlima uliposhuka ukabomoa nyumba na kuifunga barabara. Hatujasahau pia mwaka 2024, ziwa lilipopanda likaingia katika nyumba za watu hapa Rumonge. Anayepita majini haoni shimo liko wapi.

Zaidi ya hayo, rimu iliyofungwa kwa nati nne si lazima ifae kila gari la nati nne. Corolla hizo tunazosema zina nati nne kwenye mviringo wa milimita 100, na tundu la katikati la milimita 54.1. Rimu yenye tundu kubwa zaidi itafungika, lakini haitakaa sawasawa juu ya kitovu bila pete ya kujazia, na usukani utatetemeka. Rimu iliyotokeza nje kupita kiasi inaleta tairi kwenye bodi na kuchosha beringi. Tumeona fundi akigonga bodi kwa nyundo ili tairi lipate nafasi, na wenye gari wakamshukuru!

Lakini jambo tunalotaka kila mwanachama alishike ni mzigo. Baada ya kipimo, ubavuni mwa tairi kuna namba nyingine ndogo yenye herufi, kwa mfano 82T. Herufi ni ya mwendo, tuiache. Hakuna taksi ya Rumonge itakayofika kilomita 190 kwa saa. Namba ni ya uzito. 82 maana yake tairi moja linabeba kilo 475. 84 ni kilo 500, 86 ni kilo 530. Sasa tufanye hesabu ya siku ya soko kama inavyofanyika kweli, si kama inavyoandikwa kwenye karatasi za polisi. Gari tupu lina kilo elfu moja na kidogo. Watu wanane, tuseme kilo 60 kila mmoja, ni kilo 480. Bidoni kumi za mawese za lita 20, kila moja karibu kilo 18, ni kilo 180. Jumla inapita kilo 1,700. Mweka hazina atasema: matairi manne ya 82 yanabeba 1,900, tuko salama. Hapana, ndugu. Uzito haugawanyiki sawa. Bidoni zote ziko kwenye buti, nyuma kabisa, na watu watano wako kiti cha nyuma. Kwa hesabu yetu ya mezani kila tairi la nyuma linafika kwenye zile kilo 475 gari likiwa bado limesimama. Shimo la kwanza linazidisha. Na kilo 475 hizo zinasemwa juu ya tairi lililojazwa upepo kilo 2.5. Likiwa na kilo 1.8, kama mengi tunayoyapima pale stendi asubuhi, halina nguvu hiyo. Ubavu unakunjwa na kukunjuliwa kila mzunguko, tairi linapata moto ndani, na baada ya saa nzima kwenye jua la pwani linapasuka. Watu husema ni bahati mbaya.

Tazama tena lile tairi la rimu ya inchi 16. Ni pana kuliko la kiwandani, lina sura ya nguvu, lakini baadhi yake yameandikwa 80, yaani kilo 450. Umelipa fedha zaidi ili ubebe pungufu.

Kwa hiyo, kwa Corolla ya rimu za inchi 14, sisi tunaunga mkono mambo mawili tu: kurudia 175/65 kama kibandiko kinavyosema, au, kwa gari linalobeba mzigo kila siku, 185/65 R14 lenye namba 86. Kipimo hiki cha pili nacho kilitoka kiwandani kwenye baadhi ya Corolla za aina hiyo. Linaingia kwenye rimu ile ile ya kawaida, linazidi kwa urefu asilimia 2 na kidogo, na kila tairi linaongeza kilo 55 za nguvu. Lakini asije mwenye gari akasema kwamba sasa, kwa kuwa tairi ni la 86, tuongeze mtu wa tisa. Springi na breki na ekseli ni zile zile. Tairi lenye nguvu linampa abiria akiba ya usalama. Halimpi mwenye gari ruhusa.

Habari ya bei hatuwezi kuikwepa, kwa sababu faranga ni chache na matairi yote yanatoka nje. Hata kile kiwanda cha General Tyre cha Arusha, ambacho jirani zetu wa Tanzania walijivunia, kilisimama katika miaka ya 2000. Mpira wenyewe una historia chungu kwetu. Ng'ambo ya ziwa, Kongo, watu walikatwa mikono kwa ajili ya mpira chini ya Mfalme Leopold wa Ubelgiji, mpaka 1908 nchi ilipotolewa mikononi mwake, na mpira mwingi wa siku zile ulikwenda kwenye matairi. Leo tunaletewa matairi yaliyokwisha kutumika huko huko. Katika nchi za Umoja wa Ulaya sheria inakataa tairi la gari dogo likibakiwa na kina cha chini ya milimita 1.6, na mwenye nalo hulitoa mapema asipate kesi. Likifika sokoni kwetu linapakwa rangi nyeusi na kuitwa zima.

Hatusemi mtu asinunue la mtumba kabisa. Asiye na la kufanya atanunua. Lakini atafute mwisho wa maandishi yanayoanza na DOT, asome tarakimu nne. 2319 maana yake wiki ya 23 ya mwaka 2019. Watengenezaji wengi wanasema tairi likifika miaka kumi litolewe hata kama meno yake yanapendeza, maana mpira unazeeka kama ngozi ya ngoma. Lenye nyufa ubavuni au uvimbe usilipokee hata kwa bure. Na ukipata fedha ya mawili tu mapya, yafunge nyuma. Madereva wengi hupinga, wanataka mapya mbele kwenye usukani. Lakini mbele likiteleza kwenye mvua dereva anahisi mikononi na kupunguza mwendo. Nyuma likiteleza gari linageuka kabla hajajua. Na nyuma, tumekwisha kuona, ndiko uliko mzigo.

Upepo upimwe asubuhi, tairi likiwa baridi. Likipimwa katikati ya safari litaonyesha zaidi, na wengine huupunguza, jambo ambalo ni kosa. Katika uhaba wa mafuta wa miaka hii, na wote tunaikumbuka mistari ya 2024, ajabu ni kuona mtu aliyelala kituoni kwa ajili ya lita kumi akiziteketeza kwa matairi yasiyojaa.

Linabaki suala la nani alipe, na hapa tunasema waziwazi. Baadhi ya wenye magari, na sasa hata baadhi ya vikundi vyetu, hukata bei ya tairi lililopasuka kwenye ujira wa dereva. Wanamwambia alipakia kupita kiasi. Lakini nani aliyempangia hesabu ya siku ambayo haiwezi kutimia bila watu wanane? Anayepanga hesabu ndiye anayepanga mzigo. Tairi ni chombo cha kazi kama panga la mkata mikungu, na chama kimekataa siku zote mfanyakazi kununua chombo cha tajiri. Hatuwezi kukidai kwa wengine na kukivunja sisi wenyewe tulipopata gari moja.

Katika mkutano ujao tutapendekeza kwamba kila kikundi chenye gari kitenge sehemu ya mapato ya kila siku kwa matairi tu, isiguswe kwa kazi nyingine. Kwamba siku ya kununua, dereva na wanachama wawili wanaopanda gari hilo waende pamoja na mweka hazina, na kibandiko kiwe kimenakiliwa kwenye karatasi. Na kwamba kila gari liwe na kipimo chake cha upepo. Kikundi kimoja cha wakamuaji kimeshaanza. Daftari lake liko kwa dereva, na kwenye ukurasa wa kwanza zimeandikwa tarakimu nne za kila tairi, pamoja na lile la akiba, ambalo lilionekana kuwa na umri wa miaka kumi na mitatu.