Sambusa za Shaabani

Ndugu msomaji, wiki hii naanza na kosa langu mwenyewe.

Ramadhani iliyopita, nikiwa katibu wa kamati ya msikiti wetu hapa Ujiji, niliandaa taarifa ya nusu ya mwezi. Niliandika kwamba safu za akina mama katika tarawehe zimepungua, na kwamba yafaa wakumbushwe fadhila za kisimamo cha usiku. Wakati wa daku nikamsomea mke wangu ili anisahihishie lugha. Alisikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza kwa upole: "Mume wangu, hizo sambusa mnazofuturia, mnadhani zinajikunja zenyewe?"

Nikaifuta ile sentensi.

Mwanamke akiswali nyumbani kwake hapungukiwi fadhila. Lakini aliyesimama jikoni tangu alasiri, akaosha vyombo baada ya isha, kisha akaanza kufikiria daku, hana utulivu wa swala msikitini wala nyumbani.

Mwaka huu tulibadili mpango. Jumapili moja ya Shaabani tulitandika mkeka, tukakaa wote sita, mimi na watoto tukiwamo, tukakunja sambusa za kuweka kwenye friza. Zangu za mwanzo zilifumuka pembe, na mwanangu wa darasa la nne akanifundisha. Sikuona haya, kwani Bibi Aisha (r.a.) alipoulizwa Mtume (s.a.w.) alikuwa akifanya nini nyumbani, alieleza kwamba alikuwa akiwahudumia watu wa nyumba yake, na ukifika wakati wa swala hutoka kwenda kuswali. Hadithi hiyo imo katika Sahihi Bukhari.

Utaratibu wenyewe ni huu. Nyama ya kusaga ikaangwe na viungo mpaka maji yakauke kabisa, kisha ipoe. Nyama yenye moto au majimaji hulainisha manda na kuzichana. Pembe zifungwe kwa uji mzito wa unga wa ngano. Sambusa zipangwe juu ya sinia bila kugusana, zigandishwe mpaka ziwe ngumu, ndipo zitiwe katika mifuko. Ukizirundika zikiwa mbichi, zitashikana na kuwa donge moja. Siku ya kupika usizisubiri ziyeyuke. Pangusa barafu ya nje, zitie chache chache katika mafuta yenye moto wa wastani, ili ndani pashike moto kabla ya nje kuungua.

Maembe ya Ujiji nayo tuliyamenya na kuyaponda, tukayatia katika vikopo vidogo vya plastiki, kila mtu na chake, tayari kwa sharubati. Acha nafasi ya upana wa kidole juu, kwa kuwa kinachoganda hutanuka. Chupa ya kioo iliyojazwa pomoni hupasuka.

Wako wanaohofu kwamba kuweka akiba ni upungufu wa tawakkul. Imepokewa kutoka kwa Sayyidna Umar (r.a.) kwamba Mtume (s.a.w.) aliwawekea ahli zake chakula cha mwaka mzima. Linalokatazwa ni kuhodhi bidhaa ili watu wapate dhiki na bei ipande.

Hatari iliyo karibu nasi zaidi ni israfu, ambayo Mwenyezi Mungu ameikataza katika aya ya 31 ya Suratul A'raf. Friza iliyojaa huvuta mkono. Kwa hiyo tulihesabu: watu sita, sambusa mbili kwa kila mmoja, siku tatu kwa wiki. Hizo ni 36 kwa wiki, na 144 kwa wiki nne. Kila mfuko una sambusa 12, haupungui wala hauzidi. Siku nyingine uji, tende na muhogo vinatosha. Juu ya hesabu hiyo tuliongeza mifuko miwili kwa ajili ya kufuturisha jirani, kwani anayemfuturisha aliyefunga hupata ujira kama wake.

Tahadhari moja. Sisi watu wa Kigoma, tulioishi miaka mingi kwa umeme wa mitambo ya dizeli, tunajua maana ya kukatika. Umeme ukizimika, usifungue friza. Iliyojaa huhifadhi baridi kwa takriban saa 48, na iliyojaa nusu saa 24. Nyama iliyoyeyuka na kupata joto isirudishwe kugandishwa. Afya ni amana. Asiye na friza na aombe nafasi kwa jirani, aandike jina lake juu ya mfuko, na jirani auhifadhi kama ahifadhivyo amana yoyote.

Ndugu zangu wanaume, friza peke yake haimpunguzii mwanamke kazi ikiwa mikono ya kukunja ni yake, ya kukaanga ni yake na ya kuosha ni yake. Sisi tuligawana: yeye hukaanga, mimi huosha vyombo kabla ya adhana ya isha. Juzi, tulipokuwa tukitoka nyumbani kwenda tarawehe, yeye ndiye aliyenisubiri mlangoni. Mimi nilikuwa bado nafuta sinia.