Mtoto anayenyamaza na rafiki yake



Juma lililopita mama mmoja alituletea shida yake. Anamlea mtoto wa marehemu dada yake. Mtoto huyo hasemi na mtu nyumbani. Anasema na mbuzi tu. Mama akatuuliza: "Nimuuze mbuzi huyu, kusudi mtoto arudi kwa watu?"

Tulimsimulia habari ya kweli ya mwaka 1955, huko Opononi, kijiji cha pwani katika Nyuzilandi. Pomboo mmoja alianza kufuata mashua za wavuvi. Pomboo anaishi baharini, lakini si samaki: anapumua hewa kama sisi, na ananyonyesha mtoto wake. Kwa kawaida pomboo wanatembea kwa makundi. Huyu alikuja peke yake. Watu wakamwita Opo.

Opo alizoea watoto waliooga pale, akacheza nao mpira. Lakini kuliko wote alimpenda msichana mmoja wa miaka 13. Msichana akiingia majini, Opo aliwaacha wengine akamfuata. Msichana mwenyewe alieleza sababu: yeye alimtendea kwa upole siku zote, hakumrukia kama wengi walivyofanya.

Habari ikaenea, watu wakaja kwa maelfu. Wote walitaka kumgusa, na si wote waliokuwa na mikono ya upole. Wenyeji wakaomba sheria ya kumlinda. Sheria ilianza usiku wa tarehe 8 Machi 1956. Kesho yake Opo alikutwa amekufa kati ya mawe.

Wamama, ulinzi ulikuja, lakini ulichelewa.

Basi tulimjibu mama yule: usimuuze mbuzi. Mtoto amefiwa, na mbuzi hamsumbui kwa maulizo. Jioni kaa karibu nao. Mkate majani pamoja. Usimlazimishe kusema, wala usiwaite majirani waje kumtazama. Na mtu akimcheka, mtetee siku ile ile, usingoje kesho.

Jana mama alirudi kwetu. Mtoto bado anasema kidogo sana. Lakini amemwambia mama jina la mbuzi, na amemwomba amshikie kamba wakati yeye anachota maji.

Na kwako, ni mtoto gani anayenyamaza? Leo jioni, kaa karibu naye.